Kule Kwenye Magogo

Homa ilimwachia Ursule siku ya Jumatano, na hapo ndipo balaa lilipoanza.

Maana alikuwa amekwisha kuaga. Nusu ya Paris ilikuwa imekwisha kumlilia. Wanaume waliozoea kusimama chini ya jukwaa wakimtazama akifa kila wiki, leo kwa sumu, kesho kwa upanga, keshokutwa kwa mapenzi, walikuwa wakipita chini ya dirisha lake wakinyata, kofia mkononi. Yeye mwenyewe alikuwa ameridhika kwamba safari hii anakufa kweli. Kisha asubuhi ile akafumbua macho, akasikia njaa, akaomba supu ya kuku.

Gatien alikuwa kwenye kiti kando ya kitanda, ndevu zimemwota ovyo, shati ni lile lile la tangu Jumapili. Aliposikia neno supu alikiinamisha kichwa chake juu ya godoro, akalia kwa kwikwi mpaka kitanda kikatikisika. Ursule akampapasa nywele. Alitaka kumwambia usilie, nimerudi, niko hapa. Ndipo akakumbuka alichokitamka mbele ya padri siku mbili zilizopita, akauondoa mkono wake taratibu.

Kwa waigizaji kanisa lilikuwa na sharti moja, na halikuwa na mjadala. Mwigizaji haolewi kanisani, wala hazikwi katika ardhi ya kanisa, mpaka atamke mbele ya padri na mashahidi kwamba kazi ile ameiacha maisha. Mfalme atakupigia makofi jioni, kesho yake padri atakufungia mlango. Ndivyo ilivyokuwa, na waigizaji walio wengi waliishi nayo kwa mzaha, wakisema watatubu siku ya kufa, muda utakuwepo.

Jacinthe hakupata huo muda. Alikuwa rafiki wa Ursule, wakivalia chumba kimoja pale ukumbini, mcheshi ambaye hata waliomkopesha walicheka badala ya kumdai. Alidondoka ghafla akipanda ngazi za nyumbani kwake, na padri alipofika alikuta maiti. Walimpakia usiku kwenye gari la farasi bila kengele wala sala, wakamfukia katika kiwanja cha wauza magogo, ukingoni mwa mto. Gatien ndiye aliyeshika taa. Mwezi uliofuata Ursule alikwenda na maua, akakuta magogo mapya yamepangwa kiwanja kizima, marefu kuliko mtu. Alizunguka, akazunguka tena, hakujua ayaweke wapi. Akarudi nayo nyumbani.

Sasa mnaelewa kwa nini Gatien aliposikia pumzi za mpenzi wake zinakatika alipagawa. Na huyu ndiye Gatien Lorival, mwanafalsafa, yule aliyeandika kwamba mtu akifa amezimika na hakuna cha zaidi, yule ambaye mapadri walimtaja kwa jina wakihubiri ili watu wasisome vitabu vyake, wakaongezeka wa kuvisoma. Huyo huyo alikimbia mtaani bila koti kwenda kumwita Padri Ambroise. Alipiga magoti kando ya kitanda akamwomba Ursule aseme sentensi moja tu, moja basi, ampe mahali pa kwenda kumtembelea. Na Ursule, ambaye hata kumeza mate kulikuwa kumemshinda, aliisema kwa mnong'ono. Alitaka tu yule mwanamume aache kulia.

Kisha akapona.

Mama yake Gatien alikuja kabla hata supu haijapoa. Alikuwa mjane wa mfanyabiashara wa mishumaa, mwanamke mnene, mcha Mungu, ambaye kwa muda wote wa mapenzi yale alikataza jina la Ursule lisitajwe mezani kwake. Tusimwonee, hakuwa mbaya. Alikuwa na mtoto mmoja tu aliyebaki, na aliogopa kumpoteza kwa mwanamke ambaye hakuna padri angemfungisha naye ndoa. Siku ile aliingia amebeba gauni la harusi yake mwenyewe na shela yake ya lesi, akambusu Ursule mashavu yote mawili, akamwita mwanangu. Ursule alikuwa amelisubiri neno hilo miaka. Lilipokuja alilisikia kama linasemwa chumba cha jirani.

Harusi, mama akatangaza, ni Jumatatu ile inayofuata wiki ya Pasaka, kwa kuwa Kwaresima yote hakuna ndoa na huo ndio mlango wa kwanza kufunguliwa. Alisema hivyo pini zikiwa mdomoni, anambana gauni kiunoni. Hakujua, au labda alijua, kwamba Jumatatu hiyo hiyo ndiyo siku ambayo kumbi za maigizo, zilizofungwa kwa ajili ya siku takatifu, hufungua milango yake. Ursule alijua. Kila mwaka yeye ndiye aliyefungua, na watu walikuwa wakianza kupanga foleni asubuhi.

Na kuna jambo jingine, mama akaongeza. Padri Ambroise alikuwa amesema ule mnong'ono wa kitandani hautoshi. Waigizaji wangapi wametubu wakikata roho, wakapona, wiki ya pili wako jukwaani. Kwa hiyo Jumatatu, kabla ya ndoa, Ursule atairudia sentensi yake mbele ya watu wote, kwa sauti ya mtu mzima.

"Umekonda, mwanangu," mama akasema, akiingiza pini ya mwisho. "Lakini utanenepa. Ukishakuwa huna kazi utanenepa tu."

Siku chache baadaye alikuja Nanon, mama mtu mzima aliyekuwa akimvisha Ursule pale ukumbini tangu siku ya kwanza. Alileta sanduku dogo la wanja na rangi za mashavu, akaliweka mezani, wala hakukaa. Alisema nafasi ya malkia, ile ya kufungulia, wamempa binti mpya kutoka Lyon. Binti mzuri, ana shingo nzuri, sauti yake inaishia safu ya tatu. Wakubwa wa kasri walikuwa wameshapeleka ujumbe: Ursule akitaka, ataandikiwa amri ya mfalme ya kumrudisha kazini siku hiyo hiyo. Anachotakiwa ni kusema ndiyo.

"Igize tu, mwanangu," Nanon akamwambia, sauti chini. "Wote wanafanya hivyo. Asubuhi unatubu, unaolewa, jioni unaitwa kwa amri ya mfalme, unakuja huku unasikitika. Kwani kuigiza si kazi yako?"

Ursule akamjibu kwamba Padri Ambroise si wa jana, mlango huo ameshauziba. Atakayerudi jukwaani baada ya kutamka, hatamzika hata atubu mara mia. Lakini si hilo lililomsumbua. Alichezea kifuniko cha sanduku.

"Nanon, mimi jukwaani sijawahi kusema uongo. Nikisema nakufa, nakufa. Ndiyo maana wanalia. Sasa nichukue kitu hicho hicho nikitumie kukikana chenyewe? Siwezi."

Nanon akafuta macho kwa ncha ya aproni, akaenda zake. Sanduku alilisahau makusudi.

Jumamosi kabla ya harusi, asubuhi, Ursule alikuwa ananawa uso. Maji yalikuwa ya baridi, dirisha liko wazi, chini mtaani muuza maji anapiga kelele zake. Bila kufikiri, midomo ikaanza kwenda. Yalikuwa maneno ya yule malkia anayemfukuza mumewe aende akaokoke, huku anajua hatamwona tena. Kwanza kwa kunong'ona, kisha kwa sauti, kisha sauti ikapanda kutoka tumboni yenyewe, nzima, ile ile, ikajaa chumba. Kule chini muuza maji alikuwa amenyamaza. Ursule alipomaliza alikuwa ameegemea beseni, maji yanamchuruzika mikononi, na alikuwa na furaha hata akaogopa.

Akageuka. Gatien alikuwa mlangoni, mkate kwapani.

Alimtazama kwa macho yale aliyomtazama nayo siku ya kwanza kabisa, siku aliposimama kule chini kati ya wanafunzi na makarani, akasahau kofia yake kwa sababu ya sauti hii hii. Alimpenda kwa masikio kabla hajampenda kwa macho. Alishamwambia hivyo mara nyingi, na Ursule alikuwa akimtania kwamba basi akipata mafua atamwacha.

"Imerudi," Gatien akasema.

"Imerudi."

Akauweka mkate mezani kwa uangalifu, kana kwamba ungeweza kuvunjika. "Jumatatu bado ipo?"

"Ipo. Ya kanisani na ya ukumbini, zote mbili zipo."

"Ursule, usinifanyie hivyo."

"Nikufanyie nini? Mimi nimekaa tu hapa. Gauni limebanwa, lesi imefuliwa, mama yako ameshaniita mwanangu. Ni wewe uliyenifanyia." Hakuwa anapaza sauti. Angeipaza, ingesikika hadi darajani. "Ulinipigia magoti sina hata nguvu ya kumeza mate. Siku ile ungeniambia niseme mimi ni mbuzi, ningesema."

"Ulikuwa unakufa!"

"Basi ungeniacha nife nikiwa mimi."

Gatien akakaa kitandani. Alisema hakuweza. Alisema alikuwa akifumba macho anaiona ile taa mkononi mwake, anaona shimo la Jacinthe, anawaona wale vibarua wanavyoharakisha ili wakapate joto. Alisema tangu siku ile kila gari la magogo likipita mtaani anafunga dirisha.

"Si ndiye wewe uliyeandika mtu akifa amezimika?" Ursule akamuuliza. "Au ile sura ya mwisho alikuandikia mama yako?"

"Niliandika nikiwa mzima, na wewe ukiwa mzima. Mtu aliyeshiba anaweza kuandika chochote." Akainua uso, macho mekundu. "Mimi sitaki mbingu, Ursule. Nataka jiwe lenye jina lako, na la kwangu pembeni. Nikizeeka niwe na mahali pa kuja kukaa. Ni kosa hilo?"

Ungedhani maneno hayo yangemlainisha, na kweli yalimlainisha. Aliusikia moyo ukimwendea yule mwanamume mbio. Lakini alikuwa na hasira, na hasira ilitangulia.

"Kila siku mimi ndiye wa kuhama," akasema. "Nihamie kwa mama yako. Nihamie kanisani kwenu. Nihamie kaburini kwenu, mjukuu wa mishumaa upande huu, shangazi wa mishumaa upande ule. Hujawahi, Gatien, hata siku moja, hujawahi kufikiria kunifuata mimi."

Yeye aliyebishana na maaskofu kwenye karatasi alikaa pale anautazama mkate. Kisha akasimama, akachukua kofia, akashuka ngazi polepole, na Ursule akasikia anasimama katikati ya ngazi, muda mrefu, kabla hajaendelea.

Siku ile Ursule hakula. Aliwaza amkimbilie, hakumkimbilia. Aliwaza amwite Nanon amwambie naam, iandikwe hiyo amri. Lakini akafikiria kuamka kila asubuhi katika Paris hii hii bila Gatien, kumwona barabarani kwa bahati mbaya akiwa na mwanamke mwingine aliyekubalika mezani, na akahisi kifua kinabana vibaya kuliko kilivyobana na homa. Aliyapima hayo mawili kutwa nzima. Yalikuwa yanamuua yote, ila moja lilimuua akiwa na mtu wa kumshika mkono. Jumapili jioni akalifunga sanduku la rangi kwa utepe, akamtuma mwenye nyumba alipeleke ukumbini, apewe binti wa Lyon. Akakaa mbele ya kioo akajifunza sentensi ile. Naiacha kazi ya jukwaa, kwa hiari yangu, maisha yangu yote. Aliisema mpaka ikawa haina maana. Akajiambia vizuri, hivyo hivyo ndivyo itakavyopita.

Jumatatu kanisa lilijaa mpaka kwenye ngazi. Wachache walikuja kwa ajili ya harusi. Waliobaki walikuwa watu wake, wa kule chini ya jukwaa, wamekuja kusikia neno lake la mwisho, na wengine walikuwa wamepanda juu ya viti kama walivyozoea. Nanon alikuwa nyuma, nguzoni. Mama Lorival alikuwa mbele, amevaa nyeusi yake nzuri, uso umenawiri kwa furaha. Gatien alisimama kulia kwa Ursule. Walikuwa hawajazungumza tangu Jumamosi. Alikuwa amenyoa vibaya, ana jeraha bichi kidevuni, na alipomwona ameingia na lile gauni alishusha macho.

Padri Ambroise alikuwa mzee mpole. Alisema maneno machache kuhusu mwana mpotevu, akamwomba Ursule asogee mbele, awageukie watu, atamke.

Akageuka.

Na wao, kwa mazoea tu, wakanyamaza. Mnajua kunyamaza kule, watu mia kadhaa wakishika pumzi kwa wakati mmoja wakikungoja wewe. Ursule alikuwa amejiandaa kwa yote, minong'ono, macheko, machozi ya Nanon. Hakujiandaa kwa hilo. Kimya kile alikuwa amekiishi tangu usichana wake. Kilimpanda miguuni, kikamjaa, mgongo ukanyooka wenyewe, pumzi ikashuka mahali pake. Akafungua mdomo, na sentensi haikuja.

Alingoja. Watu wakangoja. Mama Lorival akaanza kusali kwa midomo tu.

Padri akadhani amesahau. Akamwinamia, akamkumbusha kwa upole: "Naiacha kazi ya jukwaa."

"Ninaikumbuka, Padri," Ursule akasema. "Sijaisahau."

Machozi yalikuwa yakimtoka, na hakuyafuta. Alimtazama Gatien. Hakumlaumu tena, alimtazama kwa kumwomba msamaha, kwa kuwa alikuwa amekuja kwa nia njema, na alikuwa anashindwa mbele ya mama yake na mbele ya mji mzima. Akavuta pumzi ajaribu tena. "Naiacha," akaanza, na sauti ikawa nyembamba, ya mtu mwingine, ikakatika.

"Mwache, Padri," Gatien akasema. "Haachi."

Mama yake akamshika mkono wa koti. Gatien hakuuvuta, ila aliendelea kusema, akimtazama padri. Alisema siku ile ya homa yeye ndiye aliyelitaka lile neno, mgonjwa hakuwa na nguvu ya kukataa, na neno la mtu asiye na nguvu ya kukataa ni wizi. Yeye ndiye mwizi.

"Unajua unachokifanya?" Padri Ambroise akamuuliza. Hakuwa na hasira, alikuwa na huzuni. "Hakuna ndoa leo, na hakuna kesho. Na siku yake ikifika, mwanangu, sitakuja."

"Najua. Na kwangu pia usije. Nitakataa kutubu, ni kazi rahisi kwangu, nimeianza zamani." Kisha akamgeukia Ursule, akashusha sauti mpaka ikawa yao wawili. Alikuwa mweupe kama chokaa. "Ulisema sijawahi kufikiria kukufuata. Nimefikiria tangu Jumamosi. Kile kiwanja ni kikubwa. Kule kwenye magogo tutaenea wote wawili."

Ursule alitoa lesi kichwani, akaikunja, akaiweka mapajani mwa Mama Lorival, ambaye alikuwa amekaa chini kwa uzito. Mama hakuigusa. Gatien akanyoosha mkono, Ursule akaushika, wakaanza kutembea kati ya watu wale, na hakuna aliyepiga makofi wala aliyezomea.

Walikuwa wamefika mlangoni, jua la asubuhi linawapiga machoni, ndipo mama alipopata sauti.

"Gatien. Baba yako yuko pale makaburini. Ndugu zako watatu wako pale. Na mimi nitakuwa pale." Hakuwa anafoka. Alikuwa anauliza kweli, kama mtu aliyepotea anayeuliza njia. "Sasa upande wangu wa pili atalala nani, mwanangu?"

Gatien akasimama. Hakugeuka. Ursule akaulegeza mkono wake ili kama wa Gatien unataka kuchomoka uchomoke. Haukuchomoka. Lakini tangu pale ngazini hadi mlango wa ukumbi, ambako foleni ilikuwa imeshaanza, Gatien hakumtazama usoni hata mara moja.